MRI ya goti: unalipia sumaku, koili au macho ya msomaji?

Kituo kikitangaza "MRI ya goti ipo", hakijakuambia kitu bado. MRI ni picha za ndani ya mwili zinazopigwa kwa sumaku. Chini ya jina hilo moja kuna huduma zisizolingana hata kidogo. Kuna mashine ya wazi ya tesla 0.3 (tesla ni kipimo cha nguvu ya sumaku) inayotumia koili, yaani kifaa cha kuzunguka kiungo na kupokea ishara, iliyoundwa kwa ajili ya kiungo kingine, na kuna mashine ya tesla 3 yenye koili ya goti ya chaneli 16, ambayo picha zake husomwa na daktari wa radiolojia anayeshinda na mifupa na viungo kila siku. Risiti zinafanana, picha hazifanani. Tunaipima huduma yote hapa, kuanzia fomu ya daktari hadi CD unayotoka nayo, na kusema wapi inalipa na wapi fedha inapotea.

Tuanze na wanaopanga foleni bila sababu.

Goti lililoumia jana uwanjani au kwenye bodaboda huanzia eksirei. Kanuni za Ottawa, zinazotumika tangu miaka ya 1990, zinataka eksirei ikiwa mtu ana miaka 55 au zaidi. Ikiwa pia ya goti peke yake inauma ikibonyezwa. Ikiwa kichwa cha ule mfupa mwembamba ulio kando ya muundi kinauma kikibonyezwa. Ikiwa goti halikunjiki kufikia nyuzi 90. Au ikiwa hakuweza kupiga hatua nne alipoumia na bado hawezi akiwa mbele ya daktari. Na eksirei hiyo ya bei nafuu wakati mwingine huanika siri nzima. Kijipande cha mfupa kilichobanduka ukingo wa nje wa muundi, mpasuko wa Segond, huonekana kidogo kama ukucha uliokatwa, lakini mara nyingi sana nyuma yake kuna ACL, ile kano ya kati ya mbele, iliyokatika.

Halafu mkono wa daktari. Kipimo cha Lachman hakihitaji umeme: goti likunjwe nyuzi 20 hadi 30, mkono mmoja ushike paja, mwingine uvute muundi kuja mbele. Muundi ukiteleza bila kugota mahali, ACL haipo kazini. Siku za mwanzo misuli hukaza kulinda goti na kipimo kinaweza kudanganya, ndiyo maana hurudiwa baada ya wiki moja au siku kumi uvimbe ukishapungua. Daktari anayeandika MRI bila kuligusa goti anaiuliza mashine swali ambalo hata yeye hajalijua.

Kundi la pili ni watu waliozidi miaka 50, goti linauma polepole kwa miezi, hakuna siku wanayoweza kusema "nilianguka". Hao wanahitaji eksirei ya kusimama, uzito ukiwa juu ya goti, kwa sababu nafasi kati ya mifupa huonekana imebana mtu akisimama, na akilala inaweza kudanganya kuwa iko sawa. Wakipelekwa MRI wengi watakutwa na meniskasi, ule mto wa umbo la mwezi mwandamo kati ya paja na muundi, iliyochanika, na hapo ndipo matatizo huanza. Utafiti wa Framingham, Massachusetts, uliochapishwa mwaka 2008, uliwapiga MRI watu 991 wa miaka 50 hadi 90 ambao hawakuchaguliwa kwa sababu ya ugonjwa wa goti. Kati ya waliokutwa na meniskasi iliyochanika, asilimia 61 hawakuwa wamesikia maumivu wala ukakamavu wa goti mwezi uliotangulia. Mchaniko ulikuwepo, maumivu hayakuwepo. Na mwaka 2013 madaktari wa Finland walionyesha kwamba kukata kipande cha meniskasi ya ndani iliyochakaa kwa umri hakukuwa bora kuliko upasuaji wa kuigiza, ambao ngozi ilitobolewa, kamera ikachungulia, na meniskasi ikaachwa kama ilivyo. Kwa hiyo kwa kundi hili MRI ya mapema si msaada. Mara nyingi ni tiketi ya kwenda chumba cha upasuaji bila safari ya maana.

Wanaostahili kuruka foleni ni wale ambao goti limekwama na halinyooki kabisa, vijana waliosikia "paa!" goti likavimba ndani ya saa chache, na wale ambao goti linawakimbia wakigeuka au kushuka ngazi. Hapo MRI inalipa kila senti.

Fomu nayo ni sehemu ya huduma, ingawa hakuna anayeipa alama. "Maumivu ya goti, MRI tafadhali" huzaa ripoti ya kurasa mbili inayotaja kila kitu isipokuwa kinachohitajika. Fomu nzuri ina mistari minne: ameumia lini na kwa namna gani, mkono umegundua nini, amewahi kufanyiwa upasuaji gani wa goti hilo, na swali lenyewe. Kwa mfano: "Aligeuka mguu ukiwa umekita chini, wiki tatu zilizopita, Lachman chanya, maumivu nyuma ndani, ACL? mzizi wa meniskasi?" Msomaji akipata hayo hutazama kwa makini sehemu ambazo vinginevyo angezipita haraka.

Mashine: namba ya kuuliza kwa simu

Swali la kwanza la kumuuliza mtu wa mapokezi ni tesla ngapi. Akisema hajui, aulize. Nguvu ya ishara hupanda takriban sambamba na nguvu ya sumaku, kwa hiyo mashine ya tesla 1.5 hupata ishara karibu mara tano ya mashine ya 0.3. Ya chini inaweza kufidia kwa kurudia picha, ila ubora huo hukua kwa kipeuo cha pili cha muda: kupata ubora mara tano lazima upige kwa muda mara 25. Hakuna goti linalotulia hivyo. Badala yake fundi hunenepesha vipande na kupanua pikseli, na hapo ndipo gegedu, ile tabaka laini inayofunika ncha za mifupa, linapopotea.

Piga hesabu mwenyewe. Eneo la picha la milimita 160 likigawanywa kwa pikseli 320, kila pikseli ni nusu milimita. Gegedu la muundi lenye unene wa milimita 2.5 linapata pikseli tano, na kidonda cha nusu unene kinaonekana. Mashine dhaifu ikitumia pikseli ya milimita moja, gegedu hilohilo lina pikseli mbili na ushee. Ripoti ikikuandikia "gegedu liko sawa" kutoka kwenye picha kama hizo, inasema tu kwamba hakuna shimo kubwa.

Kuna tatizo jingine la mashine dhaifu ambalo wauzaji hawalitaji. Ili kuona majimaji ndani ya mfupa au kwenye mchaniko, lazima mng'ao wa mafuta ya mwili uzimwe pichani, maana nayo hung'aa. Kwenye tesla 1.5 mafuta na maji hutofautiana kwa takriban hezi 220, nafasi ya kutosha kuyatenga. Kwenye 0.3 tofauti ni kama hezi 44, finyu mno, hivyo fundi hulazimika kutumia njia ya STIR, inayozima mafuta vizuri lakini hutoa picha yenye chengachenga zaidi. Kwa mvilio wa mfupa inatosha. Kwa gegedu haitoshi.

Basi hukumu yetu kuhusu mashine ni hii. Tesla 0.3 hadi 0.4, iwe ya wazi au zile ndogo za kuingiza mguu tu, zinafaa kwa swali la "ACL imekatika yote au la" na kwa meniskasi iliyochanika wazi. Zinafaa pia kwa mwenye mwili mkubwa sana au anayeogopa kufungiwa. Kwa gegedu, usilipe. Tesla 1.5 yenye koili nzuri ndiyo farasi wa kazi, na kwa magoti mengi hakuna sababu ya kutafuta zaidi. Tesla 3 huongeza ukali wa picha za gegedu na mizizi ya meniskasi, lakini mwenye skrubu gotini atajuta, kwa sababu kivuli cha chuma hukua na nguvu ya sumaku. Na 1.5 yenye koili halisi ya goti huishinda 3 iliyowekewa koili ya mwili mzima. Kwa hiyo swali la pili kwa simu ni: "Mna koili ya goti?"

Mezani

Miguu hutangulia kuingia. Kwa watu wengi kichwa hubaki nje au karibu na mlango wa bomba, kwa hiyo hofu ya kufungiwa ni ndogo kuliko kwenye MRI ya kichwa. Goti hukaa ndani ya koili kama yai kwenye kikombe, limekunjwa kidogo sana. Kazi nzuri huchukua dakika 20 hadi 30 kwa goti moja. Kituo kinachopiga magoti mawili kwa dakika 20 kimekata kona mahali.

Fundi mzuri hufanya mambo matatu ambayo mgonjwa anaweza kuyaona. Kwanza anakusogeza mwili pembeni ya meza ili goti likaribie katikati ya sumaku; goti likiachwa ukingoni, mafuta hayazimiki sawasawa na upande mmoja wa picha hung'aa kama una ugonjwa. Pili, anajaza sifongo kati ya goti na koili hadi lisichezecheze. Tatu, anakupa vizibo vya masikio bila kuombwa, maana kelele inaweza kupita desibeli 100.

Kinachoharibu picha zaidi ni maumivu. Mguu unaouma hutikisika dakika ya kumi na tano, na kutikisika huzaa mistari inayofanana kabisa na mchaniko. Dawa ya maumivu aliyoandika daktari ikinywewa kama saa moja kabla huokoa kipimo kizima. Goti lililokwama haliingii kwenye koili ngumu. Litahitaji koili laini ya kuzungushia, na ni heri kuuliza kabla ya kupanda daladala mbili kuliko kuambiwa mlangoni.

Chuma ni suala la uhai. Betri ya moyo, klipu za mishipa ya ubongo, kifaa cha kusikia kilichopandikizwa, vipande vya chuma jichoni kwa mchomeleaji au fundi wa gereji: vyote vitajwe kabla, hata kama fomu haikuuliza. Si vyote vinazuia kipimo, lakini vyote vinahitaji kukaguliwa aina yake. Kisha vile vidogo vinavyosahaulika: pini za ushungi, hirizi yenye kasha la bati, vikuku, waya wa sidiria, kadi ya benki. Mtungi wa oksijeni wa chuma ukiingizwa chumbani huruka kama kombora, na watu wameshakufa hivyo. Kituo ambacho hakikukagui mlangoni kwa maswali na kwa macho, ondoka. Hata kama picha zake ni nzuri.

Picha zenyewe

Seti ya chini inayokubalika ni picha za protoni zenye mafuta yaliyozimwa kwa pande tatu, yaani kutoka ubavuni, kutoka mbele na kwa mkato wa kulala, pamoja na seti moja ya T1 na moja ya protoni au T2 isiyozimwa mafuta (protoni, T1 na T2 ni mipangilio ya mashine inayoamua kipi king'ae na kipi kiwe cheusi). Vipande viwe milimita 3, au 4 kwa taabu, na pengo dogo kati yake. Hii huzaa picha 150 hivi.

Kwenye picha za ubavuni kuna kosa ambalo hujirudia mno. Mshipa mkubwa wa damu hupita nyuma ya goti, na mapigo yake huacha mizimu, yaani vivuli vya bandia, kwenye mstari wa usimbaji, mwelekeo mmojawapo ambao mashine hupangia ishara. Fundi akiuelekeza mstari huo kutoka mbele kwenda nyuma, mizimu huangukia ACL na pembe (ncha) za meniskasi. Akiuelekeza juu kwenda chini, inapita pembeni. Ni kubonyeza kitufe kimoja tu, lakini katika vituo vyenye haraka kitufe hicho hakibonyezwi.

Meniskasi

Meniskasi nzima ni nyeusi katika kila picha. Mng'ao ndani yake ambao haufiki uso wa juu wala wa chini si mchaniko. Ni kuchakaa kwa umri, na kwa mtoto ni mishipa ya damu ya kawaida. Ripoti nyingi huandika "daraja la 1" au "daraja la 2" na mgonjwa hurudi nyumbani akidhani meniskasi imechanika robo. Haikuchanika. Mng'ao ukigusa uso katika kipande kimoja tu, neno sahihi ni "huenda". Ukigusa katika vipande viwili au zaidi, au umbo likiwa limevunjika, hapo ni mchaniko.

Uchambuzi wa mwaka 2003 uliounganisha tafiti 29 ulikuta MRI inanasa takriban asilimia 93 ya michaniko ya meniskasi ya ndani, lakini 79 tu ya ile ya nje. Upande wa nje una mitego. Kano ya msuli wa popliteo hupita nyuma ya meniskasi na pengo lake hufanana na mchaniko. Vikano vidogo vinavyounganisha meniskasi na paja hushikilia pembe ya nyuma na kuonekana kama ufa. Na nyuzinyuzi za tishu zinazokaa kwa mshazari wa digrii 55 hivi na mwelekeo wa sumaku hung'aa zenyewe katika picha za muda mfupi wa mwangwi, yaani mashine inaposikiliza ishara mapema, hata zikiwa nzima. Pembe ya nyuma ya meniskasi ya nje hupandia kwa mshazari huohuo. Tiba ya mtego huu ni kulinganisha na picha ya T2: mng'ao wa bandia hufifia, wa kweli hubaki.

Kuna michaniko miwili inayopitwa sana na msomaji mwenye haraka. Wa kwanza ni wa mzizi, pale meniskasi inapojishikiza kwenye mfupa. Mzizi ukikatika meniskasi nzima haishiki uzito tena, na gegedu huisha haraka. Dalili yake ni meniskasi iliyosukumwa nje ya ukingo wa muundi kwa zaidi ya milimita 3, na kipande kimoja cha ubavuni ambamo pembe ya nyuma imetoweka. Wa pili ni mchaniko wa nyuma kabisa, kati ya meniskasi ya ndani na gamba la kiungo, unaoambatana na ACL iliyokatika. Goti hupigwa likiwa karibu limenyooka, na katika hali hiyo mchaniko huo hujifunga. Mpasuaji mwenye uzoefu huutafuta kwa kamera hata MRI ikisema hakuna.

Ule wa mpini wa ndoo, ambao kipande cha meniskasi hupinduka na kujibanza katikati ya goti, ni rahisi zaidi. Katika picha ya ubavuni huonekana mstari mweusi wa ziada chini ya kano ya nyuma, kana kwamba kano hiyo imezaa pacha. Ndio unaokwamisha goti, na hausubiri.

Kano

Kwa ACL iliyokatika yote, MRI inastahili sifa zake. Uchambuzi uleule uliipa takriban asilimia 94 kwa kunasa na 94 kwa kutosingizia. Kano nzima hulala sambamba na dari ya bonde la paja au wima zaidi yake. Ikilala chini kuliko dari hiyo, au ikiwa wingu lisilo na nyuzi, imekatika. Ushahidi wa kando nao una uzito: mvilio wa mfupa kwenye paja la nje na nyuma ya muundi wa nje, pale mifupa ilipogongana goti lilipoteleza, na muundi uliosogea mbele kwa zaidi ya milimita 7 hivi. Mvilio huo hufifia kwa wiki na miezi. Mtu aliyeumia mwaka jana anaweza kuwa na ACL iliyokufa bila mvilio wowote, na wakati mwingine kovu lake limejibandika kwenye kano ya nyuma likajifanya kano halisi.

Kwa ACL iliyochanika nusu, MRI ni dhaifu, na ripoti isiyokiri hivyo inakudanganya. Nusu iliyobaki inaweza kuwa imara au kamba isiyo na kazi. Picha haivuti muundi, mkono huvuta. Vilevile kuna ACL iliyonenepa kwa ute wa uzee, yenye nyuzi zinazoonekana kama bua la mboga. Hiyo mara nyingi haijachanika, na wapo walioandikiwa "mchaniko mkubwa" kwa sababu yake.

Kano ya nyuma, PCL, huumia zaidi kwa ajali ambazo muundi unagongwa kutoka mbele, kama dashibodi au mbele ya pikipiki. Ikichanika leo, MRI inaiona vizuri. Ikipona ikiwa imelegea, miezi baadaye MRI inaweza kuonyesha kano nyeusi nzuri ilhali goti linarudi nyuma kama droo. Kwa goti la zamani, eksirei ya kusukuma muundi nyuma hueleza zaidi. Kano ya upande wa ndani haihitaji hadithi ndefu: daraja la kwanza maji juu yake, la pili nyuzi kadhaa zimekatika, la tatu zote, na nyingi hupona kwa kigango bila kisu. Kona ya nje ya nyuma ndiyo ya kuogopa. Ikipitwa na ACL ikarekebishwa peke yake, kano mpya hubeba mzigo usio wake na kulegea. Fomu ikitaja ajali ya kasi, ripoti nzuri itaitaja kona hiyo kwa jina, hata kama ni kusema iko salama.

Gegedu

Hapa ndipo tunapoipunguzia MRI alama. Vidonda vya daraja la 3, zaidi ya nusu ya unene, na la 4, hadi mfupani, mashine nzuri huviona. La 1, gegedu laini lisilo na shimo, na la 2 la chini ya nusu, mara nyingi humponyoka hata msomaji hodari, na mpasuaji huyakuta kwa kamera. Gegedu la pia ya goti ndilo nene kuliko yote mwilini, hufikia milimita 5 au zaidi, na ndilo linaloonekana vizuri, mradi mkato wa kulala upo. Maji chini ya gegedu, ndani ya mfupa, ni king'ora chenye msaada: mahali panapong'aa mfupani pastahili kuangaliwa mara ya pili juu yake.

Dawa ya gadolinio, ya kung'arisha picha, kwenye mshipa haihitajiki kwa meniskasi, kano wala gegedu la kawaida. Kituo kinachoiongeza kwenye bili bila sababu iliyoandikwa, uliza. Sababu halali zipo: uvimbe, maambukizi, ugonjwa wa utando wa kiungo. Kwa meniskasi iliyowahi kushonwa, wakati mwingine dawa huingizwa ndani ya kiungo chenyewe, kwa sindano, na hiyo ni huduma tofauti. Mwenye skrubu za ACL naye aseme mapema, fundi atumie STIR na ukanda mpana wa masafa ya kupokea ishara badala ya kuzima mafuta kwa njia ya kawaida.

Ripoti na unachobeba

Ripoti ya thamani hujibu swali la fomu kwenye mistari ya kwanza ya hitimisho. "Mchaniko wa wima wa pembe ya nyuma ya meniskasi ya ndani, milimita 12, karibu na gamba" humwambia mpasuaji kwamba sehemu hiyo ina damu na inaweza kushonwa. "Meniskasi imeharibika kiasi, linganisha na dalili" halimwambii kitu. Isipotajwa pembe ipi, aina ipi, urefu gani na gegedu la daraja gani wapi, daktari ana haki ya kuirudisha.

Kuahirishwa hakukosekani. Sumaku za kawaida za 1.5 hukaa ndani ya heliamu ya kimiminika kwa nyuzi 269 chini ya sifuri, lita elfu moja na zaidi, na kompresa ya kuipoza hufanya kazi saa 24. Umeme ukikatika na jenereta isipounganishwa na kompresa, heliamu huchemka polepole na kutoka, na kuijaza upya ni bei inayofungisha vituo. (Heliamu ilitangazwa kugunduliwa Rukwa mwaka 2016, lakini hilo halijampunguzia mtu bili.) Kituo kilichoahirisha kwa sababu ya kipozeo kinakusaidia. Kinachopiga picha chumba kikiwa na joto na mashine ikilalamika ndicho cha kukimbia.

Bima nyingi hutaka kibali kabla, na kibali huandikwa kwa goti moja, upande uliotajwa. Bei uliyotajiwa kwa simu, uliza kama ina ripoti, CD na dawa ya gadolinio, au kila kimoja kina dirisha lake la malipo.

Usikubali filamu peke yake. Karatasi mbili za filamu zinabeba sehemu tu ya zile picha 150, na huchaguliwa na mtu aliyechoka saa kumi jioni. Picha ya filamu iliyopigwa dirishani na kutumwa kwa WhatsApp haina daraja la gegedu. Dai CD yenye faili za DICOM, siyo za JPEG, kwa sababu za DICOM ndizo mpasuaji anazoweza kupima kwa milimita na kuzipitia kipande kwa kipande. Kabla ya kuondoka, ifungue kwenye kompyuta yao. Hakikisha jina ni lako, tarehe ni ya leo, na pembeni mwa picha herufi ni R kwa goti la kulia au L kwa la kushoto, kisha tazama mguu wako mwenyewe.